Mahali Pasipowekwa Muziki

Takoma Park, Maryland
10 Machi 2024

Mdogo wangu Kalisti,

Habari za Kibosho, habari za kwaya, habari za ng'ombe wa Mama ambaye najua anakula vizuri kuliko wewe? Mimi mzima. Baridi imeanza kulegea, ingawa wenyeji wanasema mwezi huu si wa kuuamini. Jerotich, yule Mkenya ninayeishi naye, anakusalimu. Bado anadhani wewe ni kaka yangu mkubwa, eti hakuna kijana anayeandika barua namna ile.

Najua ningeweza kupiga simu. Lakini tulikubaliana sanduku la posta la Baba lisifungwe, na sanduku lisiloingia barua ni kabati tu. Baba alikaa Posta ya Moshi maisha yake yote ya kazi akituambia kwamba jambo zito huandikwa. Nina jambo zito, naliandika.

Kwanza kazi. Tangu Januari namhudumia mzee wa Kijapani huko Greenbelt, anaitwa Takeo Nishiwaki. Anaishi na binti yake Emi, mhandisi katika kile kituo kikubwa cha utafiti wa anga. Asubuhi Emi anakwenda kushughulika na satelaiti, mimi nashughulika na uji wa baba yake. Mzee ana miaka themanini na sita. Miguu haina nguvu, sikio la kushoto limekwisha, lakini la kulia linasikia hata ambacho hujasema. Kwao alikuwa mtunzi wa muziki wa filamu na televisheni. Si mwimbaji, usije ukawaambia wanakwaya kwamba dada yako anamwogesha mwimbaji maarufu. Ni yule mtu ambaye picha ikishapigwa anakaa kuitazama, halafu anaamua wapi muziki uingie na wapi ukae nje. Hiyo ndiyo kazi aliyozeekea.

Sebuleni kwao kuna sale. Ndiyo, sale lile lile tunalolipanda mipakani kwetu, limo kwenye chungu dirishani, wamelinunua dukani kama ua. Siku ya kwanza nililiamkia kimoyomoyo.

Sasa jambo lenyewe. Ile video ya msiba wa Baba uliyonitumia Oktoba sijaweza kuimaliza. Kila nikianza, jeneza likitoka ndani nazima. Wiki iliyopita, mzee amepumzika baada ya chakula cha mchana, nikajikaza nikaifungua kwenye kompyuta yangu pale jikoni. Nikafika hadi kaburini. Padri amemaliza, mwongoza ratiba anashika kipaza sauti, anasema sasa tunawaita watoto wa marehemu waweke udongo, na hapo hapo kinanda alichokipachika Boniface mpiga video kikapanda juu kabisa. Ngoma, tarumbeta za kompyuta, kwaya ya watu nisiowajua. Midomo ya watu inacheza, maneno hakuna.

Nikasikia fremu ya kutembelea inagonga ukuta. Mzee amekuja peke yake, amekasirika, nywele zimemsimama. "Nani amefanya hivi?" akaniuliza. Nikamwambia huo ni msiba wa baba yangu. Akainamisha kichwa, akanipa pole kwa adabu zao zote, taratibu. Halafu akanyanyua kichwa. "Sawa. Lakini nani amefanya hivi?"

Akaketi. Tukairudia sehemu ile. Akanionyesha kwa kidole: huyu mama mwenye nguo nyeusi amesema kitu, tazama, wote wamemgeukia. Amesema nini? Nikamjibu sijui, sikuwepo.

Kalisti, Mama alisema nini? Mimi ndiye mtoto wa kwanza. Jina lililoitwa kwanza pale ni langu, hilo halihitaji sauti. Na kwa nini kila nikipiga simu Mama amelala? Amelala mchana, Mama yetu? Tangu tumzike Baba Agosti, yaani tangu mmzike, sijasikia sauti yake.

Nijibu.

Dada yako,
Genoveva


Kibosho
24 Aprili 2024

Dada Genoveva,

Shikamoo. Barua yako nimeichukua jana Moshi. Sanduku lilikuwa na barua yako na buibui mmoja, nikamwacha aendelee kulinda.

Huku tunashukuru Mungu. Masika yameshuka kwa nguvu, barabara ya kanisani imekatika tena pale pale, na diwani amekuja kuitazama tena vile vile. Ng'ombe amezaa ndama jike. Kwaya tunajiandaa na Pentekoste, lakini sauti ya kwanza wamegombana kuhusu kitambaa cha sare na sasa wanaimba bila kutazamana. Shuleni nimeongezewa vipindi vya Historia juu ya vile vya Kiswahili.

Huyo mzee wako amemuumiza Boniface. Nilimsomea ile sehemu yake nikidhani atacheka. Akasema, "Mwalimu, mwambie huyo Mjapani kwamba hapa kwetu video ya msiba isiyo na muziki mteja anairudisha, anasema imeharibika." Na ni kweli. Mwaka jana mama mmoja wa Umbwe alimrudishia ya mume wake, akidai watu wanasikika wakikohoa.

Mama hajambo, ni goti tu. Analala mapema, na simu yake haishiki chaji. Anasema salamu.

Kuhusu kaburini, siku ile nilikuwa na mambo mengi: maturubai, chakula, wageni wa Dar. Siwezi kukumbuka kila mtu alisema nini. Watu wakiwa na uchungu wanasema mengi. Ulikuwa na kazi, tulielewa. Tuyaache.

Niambie huyo mzee anasema nini juu ya nyimbo za kwaya. Au nazo hazipendi?

Mdogo wako,
Kalisti


Takoma Park
2 Juni 2024

Mdogo wangu Kalisti,

Hongereni kwa ndama. Mimi nimepona mafua yaliyonishika wiki mbili, na kanisani kwetu tumepata padri mpya kutoka Kongo anayehubiri mpaka pilau linapoa. Jerotich amepata zamu za mchana, ana furaha, anapika githeri, yaani makande ya kwao, kwa sufuria kubwa kama la msiba.

"Mama anasema salamu." Kalisti, Mama hajawahi kumtumia mtu salamu tangu azaliwe. Mama hutuma amri. Nilipokuwa bweni alinitumia kwa kila mtu aliyepita: asikate nywele, ale maharage, aache urafiki na yule msichana wa Machame. Ukiniandikia salamu za Mama najua umezitunga wewe, na wewe ni mtunzi wa nyimbo, salamu huziwezi.

Uliuliza habari za mzee. Kila siku nikimkanda miguu ananisimulia kidogo. Alizaliwa mji wa bandari huko kaskazini kwao. Vita ilipokwisha shule yao ilibaki na kinanda kimoja cha kukanyaga, funguo nyingine zimekufa, kwa hiyo alijifunza muziki akiruka mashimo. Ujana wake alipiga piano kwenye kilabu cha askari wa Kimarekani, kisha akaenda Tokyo kuwa mnakili katika studio ya filamu, kazi yake kuandika upya nota za wenzake ili kila mpigaji apate karatasi yake. Kidole chake cha kati kimepinda mpaka leo. Siku moja mtunzi mwenyewe akapotelea baa na wapigaji wamekwisha kuitwa. Wakamgeukia mnakili. Basi, hakurudi tena kunakili.

Televisheni ilipoingia alitungia kila kitu: wapiganaji wa panga kila wiki, wapelelezi, katuni ya dubu mdogo, hata kale kawimbo ka utabiri wa hali ya hewa. Anasema wimbo wake wa wapelelezi ulipigwa miluzi na nchi nzima. Alikuwa anasimama kwenye treni, mtu aliye ubavuni mwake anaupiga mluzi na hamjui. Na mwisho wa kila kipindi jina lake lilipita mbio sana hata mama yake hakuwahi kumaliza kulisoma.

Lakini kuna kisa kimoja anakirudia. Filamu moja, mama anamsindikiza mwanawe stesheni. Alitunga muziki ambao mpaka leo anasema ni mzuri kuliko yote aliyowahi kuandika. Mwongozaji wa filamu akauondoa wote. Wakanuniana. Filamu ilipotoka akaenda kukaa nyuma kabisa ya ukumbi ili ashuhudie alivyodhulumiwa. Treni ikaondoka, yule mama akabaki amesimama, hakuna kinachosikika ila kandambili zake. Akaona watu wanalia kulia kwake na kushoto kwake. "Ile ndiyo kazi yangu bora," aliniambia, "na haimo." Tangu hapo kila picha anaanza kwa kutafuta mahali pa kukaa kimya.

Sasa amechukua video ya Baba. Emi amemwekea kinanda kidogo mezani na mzee anapiga kwa mkono wa kulia tu, wa kushoto unatetemeka. Alikuwa hajatunga kitu tangu mke wake afe. Emi aliponikuta nimesimama mlangoni nasikiliza, alinikumbatia, na Wajapani hawakumbatii ovyo. Lakini mzee anasema hawezi kuendelea bila kujua chini ya muziki wa Boniface kuna nini. Anataka ile picha ghafi, yenye sauti yake.

Nami nina la kwangu. Ile sentensi yako, "ulikuwa na kazi, tulielewa," imenikaa kooni. Kalisti, kazi haikunizuia. Kazi ningeiacha siku ile ile. Karatasi zangu za kuishi hapa zilikuwa hazijajibiwa, na mwanasheria aliniambia wazi kwamba nikitoka kabla ya jibu, ombi linahesabiwa nimelitupa, na kurudi nisahau. Miaka yote ile mlikuwa mnaniita mtu wa Marekani, na mtu wa Marekani hana hata ruhusa ya kutoka nje akamzike baba yake. Niliona aibu. Nikawaambia kazi imebana, kwa sababu mtu mwenye kazi iliyobana anaonekana wa maana. Saa mnazika nilikuwa nimekaa chini, chumba cha mashine za kufulia, na Jerotich akanikuta. "Lia tu, Gena," akaniambia. "Huku basement hakuna mtu ata-complain."

Kadi ya ukaazi imetoka mwezi uliopita. Sasa naweza kwenda na kurudi. Jerotich ananisukuma: "Si u-book tu flight ya December! Kwani kwenu unangoja invite?" Yeye hajui Desemba yetu ilivyo. Wachaga wote wanapanda nyumbani, kila geti lina gari, kila aliyekuja anaonekana na kila asiyekuja anahesabiwa. Siwezi kufika mbele za watu wote wale halafu Mama agome kunitazama.

Basi niambie ukweli. Nije, au nisije?

Genoveva


Kibosho
5 Agosti 2024

Dada,

Shikamoo. Nimechelewa, na si posta. Barua yako nilikuwa nayo mfukoni tangu mwanzo wa Julai.

Misa ya mwaka wa Baba tumeisoma Jumamosi. Watu walijaa. Migomba ya upande wa kaburi imeshika vizuri na msalaba tumeupaka rangi upya.

Kuhusu karatasi, ningekuwa karibu yako ningekupiga kibao, wewe ni mkubwa lakini ningekupiga. Mwaka mzima unatuacha tukidhani hivyo! Nimekaa kwenye vilio vya watu wengine nikisikia wanasema mtoto wa fulani alishindwa kuja kumzika baba yake kwa sababu ya kazi ya kuwaogesha wazungu, nami nanyamaza kwa sababu sina la kujibu. Ulininyima la kujibu. Ndilo lililoniuma, wala si lingine.

Na kwa kuwa umesema lako, nami nasema langu. Boniface hakuweka muziki ule kwa ujinga. Mimi ndiye niliyemwagiza aupandishe pale. Ningefanya tena leo. Kwaya yangu ilikuwa inaimba wimbo niliomtungia Baba, wimbo wangu mwenyewe, nao nikakubali ufunikwe pamoja na hayo mengine. Kwa hiyo usidhani nilifanya kwa wepesi.

Picha ghafi Boniface anayo. Nimemkataza asimpe mtu. Mambo ya kaburini yabaki kaburini, mzee wako atafute filamu nyingine. Kuhusu Desemba sijui nikujibu nini. Mama hanizungumzii habari zako, na nikimwanzishia anachukua panga anakwenda kukata majani ya ng'ombe.

Kalisti


Takoma Park
4 Septemba 2024

Kalisti,

Hujambo. Sina habari za kanisa wala za mafua.

Umenifunika ili nisiumie. Nashukuru. Lakini tangu Machi nimekuwa nikitazama mdomo wa Mama unafunguka na kufungika, na kila siku naujazia maneno mapya. Nimeshajiambia alinilaani. Nimeshajiambia alisema jina langu lifutwe kwenye ratiba za ukoo. Huwezi kuwa ulificha kitu kibaya kuliko hayo niliyoyatunga mwenyewe nikiwa kwenye basi la kwenda Greenbelt.

Mzee amelazwa siku chache, mapafu. Amerudi amekonda. Jana aliniuliza kama mdogo wangu amejibu. Nikamwambia hataki. Akafikiri, akasema: "Mwambie sihitaji kujua siri ya nyumba yenu. Nahitaji kujua wapi ninyamaze." Kisha akaniomba chai.

Aliyeitwa pale kaburini ni mimi. Kilichojibiwa ni changu. Nitumie au usinitumie, lakini usiniandikie tena habari za migomba.

Genoveva


Kibosho
6 Oktoba 2024

Dada Genoveva,

Shikamoo, na pole kwa kuuguza. Humu ndani kuna flashi. Boniface ameniapisha kwamba mzee hatamcheka.

Nakuambia kabla hujaitazama, ili isikushtue mbele ya watu. Mwongoza ratiba aliita jina lako. Hakuwa na habari kwamba hukuja, alisoma alivyoandikiwa. Akaita tena. Watu wakaanza kugeuka kutazama njiani, unajua watu walivyo, kama vile ungetokea kwenye shamba la kahawa. Akaita mara ya tatu. Hapo Mama akasema, "Hayupo. Endeleeni."

Ni hayo tu. Maneno mawili. Lakini alivyoyasema, dada, hata Padri alitazama chini. Alisema kama mtu anayetaja aliyekwisha kufa. Mimi ndiye niliyefuata kuweka udongo. Nikaona bora ukae na tarumbeta za Boniface kuliko ukae na sauti ile.

Kuna jambo lingine nimelifanya bila ruhusa yako. Nimemsomea Mama ile barua yako ya Juni, sehemu ya karatasi na ya chumba cha kufulia. Alikuwa anachambua maharage. Aliendelea kuchambua mpaka yakaisha, kisha akaanza upya yale yale yaliyokwisha kuchambuliwa. Nakuandikia kama ilivyokuwa, sitatunga salamu tena.

Kalisti


Takoma Park
10 Novemba 2024

Mdogo wangu,

Naandika haraka kwa kuwa Godlisten, dereva wa ubalozini, anaondoka kesho kwa likizo na atafika hadi Moshi. Hii anakuletea yeye mkononi. Sanduku la Baba litanisamehe mara moja.

Tuliitazama mchana, jua linaingia sebuleni, Emi akaomba ruhusa kazini aje akae nasi. Jina langu likaitwa. Mara ya kwanza, ya pili, ya tatu. Unasikia kuku, unasikia mtoto anaulizwa yuko wapi kiatu chake. Halafu Mama. Kalisti, nililia, lakini hakikuwa kile kilio nilichokiogopa. Sauti yake haikuwa ya laana. Alikuwa amechoka. Alikuwa amesimama juu ya mumewe na watu wanamngojesha, basi. Nimeilinganisha na zile nilizotunga mwenyewe na zangu zote zilikuwa mbaya zaidi.

Mzee aliniuliza maana ya maneno yale. Nikamtafsiria. Alikuwa tayari na karatasi ya sehemu ile, alishaitunga, kurasa nzuri, nilishamsikia akizipiga wiki nzima. Akazichukua, akazikunja, akaziweka chini ya kikombe cha chai. "Hapa, hapana," akasema.

Wimbo wako sasa unasikika. Nimeusikia kwa mara ya kwanza. Mzee aliusikiliza kwa lile sikio lake zima, akasema wa sauti ya tatu mmoja anachelewa, na kwamba aliyetunga anajua kungoja. Nadhani kwake hiyo ni sifa kubwa. Hakuugusa.

Sasa kuna kitu ambacho wewe hukukiona, maana nina hakika hukutazama mpaka mwisho. Watu walipokwenda kula, Boniface alienda nao akaiacha kamera kwenye stendi yake bila kuizima. Inaonyesha migomba na kaburi na viti vitupu. Tulitaka kuzima, mzee akazuia mkono wangu. Tukakaa. Mama akatokea peke yake, amefunga kanga juu ya nguo nyeusi. Akatazama njiani. Akachota udongo kwa mkono, akauweka, akaushindilia kwa kiganja, akasimama kidogo, akarudi ndani. Yeye alikuwa ameshaweka wake mwanzoni kabla ya watoto, iko kwenye picha, nimeirudia.

Sijui ule wa pili ulikuwa wa nani. Sithubutu kusema. Nilimuuliza mzee anaonaje, akasema yeye hawezi kujua, lakini atatunga kama anayejua. Na ndipo palipo na muziki wake, hapo tu, katika video nzima. Ni mfupi. Ni mkono mmoja. Unaanza Mama akishageuka kurudi nyumbani, haumsumbui anapokuwa pale.

Emi ameiunganisha upya. Mwisho mzee aliagiza jina la Boniface litangulie, kwa kuwa aliiacha kamera ikitembea, akasema wapiga picha wengi wa kwao wasingekuwa na bahati hiyo. Jina lake mwenyewe limefuata, nalo linakaa kwenye kioo mpaka ulisome lote. Hilo aliliomba Emi.

Pamoja na flashi kuna picha yangu aliyonipiga Emi, na jani la sale. Nimeliomba kwa Emi, nimelikata lile la dirishani, nimelifunga fundo. Mpe Mama. Yeye mwenyewe alitufundisha kwamba aliyepelekewa sale akiombwa msamaha hakatai, lakini mwambie nimempelekea bila kumlazimisha. Nimekata tiketi ya tarehe kumi na nane Desemba. Akikataa, nitafikia Moshi mjini, nitakuja kaburini asubuhi, nitaondoka.

Genoveva


Kibosho
2 Desemba 2024

Dada Genoveva,

Shikamoo. Barua hii kwa posta ingepishana nawe angani, kwa hiyo nimeiandika kwa mkono kama Baba alivyotaka, kisha nimeipiga picha nikutumie kwenye simu kama Baba asingetaka.

Huku sote wazima. Magari ya Dar yameanza kupanda. Godlisten alifika juzi, amekula ndizi mpaka akasahau alichotumwa, ikabidi nimkumbushe.

Jana baada ya misa nimemwekea Mama video kwenye televisheni. Boniface alikuja na shati jipya. Nilimpa Mama lile jani kwanza. Limekauka kwa safari, kingo zimegeuka kahawia. Akaligeuza geuza, akauliza sale limeota wapi huko kwenye baridi. Nikamwambia kwenye chungu, kwa mzee wa Kijapani. Akaliweka mapajani, akasema, "Washa."

Hakulia. Alimtazama Baba akitolewa ndani, akanirekebisha kwamba jeneza lilitoka kwa mlango wa mbele na si wa uani kama ninavyosimulia watu. Tukafika kaburini. Jina lako likaitwa, kimya, likaitwa tena. Nilitamani tarumbeta za Boniface, nakuapia. Mama akajisikia mwenyewe akisema, "Hayupo. Endeleeni."

"Rudisha," akaniambia.

Nikarudisha. Akasikiliza tena, ameinama mbele.

"Ndivyo nilivyosema?"

"Ndivyo, Mama."

"Hivyo hivyo?"

"Hivyo hivyo."

Akaniashiria niendelee. Wimbo wangu ukaimbwa, wa sauti ya tatu akachelewa, ni Christopher wa kwa mzee Isack, tangu zamani. Watu wakaondoka kwenda kula. Boniface akaanza kujitetea kuhusu kamera, nikamkanyaga mguu. Mama akajiona anatoka kwenye migomba. Akajiona anatazama njiani, anachota, anashindilia, anageuka. Ndipo kinanda cha mzee wako kikaingia. Sijui nikuambieje, dada. Mimi nimefundisha kwaya miaka yote hii na nikaona aibu kwa kelele zote nilizowahi kupigisha.

Kilipokwisha nikauliza, kwa kuwa wewe hukuthubutu. Nikasema, "Mama, ule udongo wa pili ulikuwa wa nani?"

Alikuwa amelishika lile jani. Akanitazama kama mtu aliyeulizwa jambo la kijinga.

"Nilimshikia nafasi," akasema. "Mwambie aje aweke wake. Na aje na viatu vya matope, asituletee vile vya Marekani, huku bado kunanyesha. Na ale, kwenye picha amekonda."

Kalisti